Bunduki ya Mama Edna

Claire alitaka nihutubie watu. Alinipigia simu majuzi nikiwa jikoni nakatakata sukuma wiki, akaniambia kwamba Mavis, rafiki pekee wa nyanyake aliyebaki hai, anatimiza miaka mia moja, na nyumba ya wazee anamoishi kule Etobicoke itamwandalia chakula cha mchana. Watakuja watoto na wajukuu wa wanawake waliofanya kazi pamoja kiwandani wakati wa vita vikuu vya pili, wakiunda bunduki. Ingependeza, alisema Claire, kama ningesimama hata dakika tano nikawaeleza yale ambayo nyanyake alijifunza kwangu mwaka wa mwisho wa maisha yake. Nilizima jiko. Nilimwambia nitakuja, kwa sababu tangu nyanyake afe sijawahi kumnyima Claire kitu, na sababu ya kutomnyima ni kwamba namwonea haya. Nyanyake hakujifunza kwangu ila uongo mmoja, nao nilimwambia mchana kweupe, nikiwa na akili zangu timamu na upawa wa supu mkononi. Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Mimi yangu nimeitembea zaidi ya miaka ishirini na sijaona mwisho wake.

Niliingia Toronto mwezi wa Machi, mwaka ule wa ugonjwa wa SARS, watu wakitutazama juu ya barakoa kama ng'ombe wanaochungulia juu ya ua. Nilikuwa na miaka ishirini na saba, cheti cha kutunza wagonjwa, na koti la kuazima ambalo mikono yake iliishia karibu na viwiko. Wakala wa kazi alinituma kwa Edna, nyanyake Claire, mjane wa miaka sabini na tisa aliyevunjika nyonga na kukataa katakata kuhamia nyumba ya wazee. Alikuwa na nyumba ndogo ya matofali upande wa magharibi wa mji, si mbali na ziwa, na ingawa ilikuwa na sebule nzuri yenye zulia, jikoni ndimo tulimoishi. Palikuwa na meza ya miguu ya chuma, redio isiyozimwa, kiti chake chenye mto, na dirisha lililotazama reli. Kila treni ilipopita vikombe vililia kabatini. Alitaka nimwite Edna tu. Nilijaribu siku mbili nikashindwa, ulimi ulikataa kumwita mwanamke wa umri ule kwa jina tupu kana kwamba tumecheza kati pamoja utotoni, nikamwita Mama Edna. Alicheka mpaka akakohoa, na tangu siku hiyo hakutaka jina lingine. Saa sita kamili tulikula: supu ya kuku ya mkebe, mkate uliokaangwa na jibini katikati, na chai. Chai yake ilikuwa maji ya moto yaliyoonyeshwa majani kwa mbali. Nilimpikia yetu, ya maziwa na tangawizi, akainywa kimya mpaka akaona chini ya kikombe, kisha akauliza kwa nini hakuna mtu aliyemwambia habari hizi mapema.

Juu ya redio ilitundikwa picha ya wasichana kumi na wawili waliofunga vitambaa kichwani, wamesimama mbele ya ukuta mrefu. Wa katikati, mwenye mashavu ya mtoto, alikuwa Edna. Kushoto kwake, mrefu na asiyecheka, alikuwa Mavis. Edna alikuwa ameshika kitu ambacho asiyekijua angedhani ni pampu ya baiskeli iliyokanyagwa na lori. Hiyo ndiyo Sten, bunduki fupi ya rashasha, na Mama Edna angeweza kuizungumzia mpaka supu ikaota ngozi. Waingereza, alisema, walikimbizwa na Wajerumani mpaka ufukweni kule Ufaransa, wakaokoa watu na kuacha silaha. Walitaka bunduki za haraka, si za kupendeza. Ndipo watu wawili wakaketi na karatasi zao wakachora hii, na jina lake likatokana na herufi za majina yao na za mahali ilipozaliwa. Mafundi wa zamani, waliozoea kuchonga vitako vya mti na kung'arisha chuma, walipoiona walitaka kulia. Mwili wake ulikuwa bomba. Kitako chake kilikuwa kipande cha chuma kitupu. Vipande vyake vyote havikufika hamsini, vingi vimekatwa kwa mashine kutoka kwenye bati kama vifuniko vya sufuria, vikachomelewa na wasichana ambao mwaka uliotangulia walikuwa wakikamua ng'ombe. Edna alikuwa mmoja wao. Alitoka shambani kwa basi akiwa na miaka kumi na minane, akaajiriwa kwenye kiwanda cha kando ya ziwa, na kazi yake ikawa kuchomelea ile shingo ya ubavuni ambamo kikasha cha risasi kiliingia. Mavis alikuwa mkaguzi mwenye kipimo cha chuma mfukoni. Siku ya kwanza alimrudishia Edna trei nzima, akisema hata kuku asingekubali kutaga ndani ya kazi hiyo, na wakati wa chakula akaja kuketi karibu naye akamgawia nusu ya andazi lake. Tangu hapo hawakuachana. Miaka sitini baadaye bado walipigiana simu kila siku baada ya kula.

"Haikuwa bunduki nzuri," Mama Edna aliniambia, na alisema hivyo kama mama anayemsema mtoto wake mtundu. "Ukiiangusha kwa kitako ilijipiga yenyewe. Kikasha kilikwama wakati mbaya. Askari waliitukana kuliko walivyomtukana adui. Lakini ilikuwapo, Nyambura. Nzuri zilikuwa bado kwenye meza za wachoraji, yetu ilikuwa mikononi mwa watu." Watu wa Ulaya waliotawaliwa na Wajerumani waliangushiwa kutoka angani kwa miavuli, na wengine wakaiiga wenyewe katika karakana za maficho, maana fundi yeyote wa mabomba aliielewa akiitazama mara moja. Mwishoni hata Wajerumani waliiiga. Habari hiyo ilimfurahisha kuliko zote. Hakusema, kwa sababu hakujua, kwamba vita vilipoisha bunduki zile hazikuzikwa pamoja na vita. Zilikwenda kufanya kazi nyingine kwenye makoloni.

Mimi nilijua. Nilipoiona picha ile ukutani niliitambua mara moja, kama unavyotambua pua ya ndugu yako usoni mwa mtu wa njiani. Nyumbani kwetu, ndani ya sanduku chini ya kitanda cha nyanya, mlikuwa na picha iliyofungwa kwa kitambaa, nami niliifungua mara mbili utotoni na mara ya pili nikachapwa. Ndani yake guka, yaani babu yangu, amesimama na kaptula na kofia, ameshika bomba lilelile, mkono wa kushoto ukikamata kikasha kilichochomoza ubavuni. Guka alikuwa homgadi. Kwa wasiojua: wakati wa Mau Mau wako waliokwenda msituni kupigana na Mwingereza, na wako waliopewa silaha na Mwingereza wawasake wale wa msituni, na wote walikuwa watoto wa kilima kimoja. Vita vikaisha, homgadi wakagawiwa mashamba mazuri, na watoto wao wakasoma. Wajukuu wao ndio sisi. Guka alikufa kitandani kwake, mzee, kisukari kikiwa kimemla mguu, na mchungaji akamsifu kwa saa nzima.

Mwaka ule nyumbani palikuwa na serikali mpya, na marufuku ya Mau Mau iliyowekwa na mkoloni hatimaye ikaondolewa. Habari zilipotufikia, Mama Shiku, Mkenya mwenzetu, alitualika kwake North York, ghorofa ya kumi na moja. Palikuwa na mukimo, na nyama choma iliyochomwa kwenye oveni kwa kuwa moto haukuruhusiwa kwenye roshani, na watoto waliosemeshwa Kiswahili wakajibu Kiingereza. Watu wazima walikaa na sahani magotini wakahesabiana mashujaa.

"Guka wangu alikaa msituni miaka mitatu," alisema Mama Shiku. "Alishikwa, akapelekwa kizuizini, akarudi hana kucha hata moja."

"Wetu walichomewa nyumba," alisema mwingine, akimkumbuka nyanyake. "Cũcũ alijifungulia kwa migomba."

Tukazunguka hivyo chumba kizima. Ndipo Baba Shiku, ambaye mdomo wake haukuwa na breki, akauliza, "Sasa nyinyi, kama wote tulikuwa msituni, hao mahomgadi walikuwa akina nani? Ama walitoka Uganda?" Watu walicheka sana, na kila mtu akatazama sahani yake. Kisha akanigeukia. "Na wewe Nyambura, watu wenu?"

"Hata wetu," nikasema.

Maneno mawili tu. Hakuna aliyeuliza zaidi, na mtu akaniongezea nyama. Nimefikiri sana kuhusu nyama ile. Hilo ni kosa letu sisi, la watu wa upande wetu, na tumelifanya kwa uhodari kote duniani tulikotawanyika: tumewazika babu zetu mara mbili, mara ya kwanza kaburini na mara ya pili ndani ya babu za watu wengine.

Jumatatu nilimkuta Mama Edna amevaa blauzi ya kutokea. Shule ya karibu ilikuwa imemwalika yeye na Mavis wazungumze na wanafunzi mwezi wa Novemba, siku ya kuwakumbuka askari waliokufa, nao watoto wangeimba. Aliifanyia mazoezi hotuba yake huku napakua supu. Nilikuwa nimechoka. Asubuhi ile nilikuwa nimemwogesha, nimembadilishia shuka, na mkwewe aliyepita kuleta dawa alikuwa ameniruka kwa macho kama vile mimi ni fimbo ya kutembelea iliyoegemezwa ukutani. Mama Edna akafika kwenye sentensi aliyoipenda: kwamba bunduki yake haikumuumiza hata mtu mmoja ambaye hakustahili.

"Ilimwua babu yangu," nikasema.

Treni ikapita, vikombe vikalia.

"Hiyo bunduki yako," nikaendelea. "Kenya. Alikuwa anapigania nchi yetu. Ilimwua."

Hakukataa wala hakujitetea, ila aliniuliza kama mtu wa kazi. "Una hakika ilikuwa Sten?"

"Bomba. Kikasha ubavuni, upande wa kushoto."

"Aliyempiga, watu walimwona? Aliishikaje?"

"Alishika kikasha kwa mkono wa kushoto," nikasema, na nikamweleza mpaka kaptula na kofia, maana picha nilikuwa nayo kichwani. Nilikuwa namweleza guka. Nilimfanya mtu mmoja kuwa maiti na muuaji ndani ya sentensi moja, na sauti yangu haikutetemeka.

Mama Edna alifumba macho. "Wote waliishika hivyo," alisema polepole. "Tuliwakataza. Ukiivuta pale, kikasha kinalegea, bunduki inakwama." Akaigeuza mikono yake mapajani. "Basi ile shingo ilishika. Ingelegea, labda angepona."

Akanyoosha mikono yote miwili akaushika wangu, akalia. Nami niseme kweli, kwa kuwa nisipoisema hapa sitaisema popote: nilisikia raha. Kwa mara ya kwanza tangu nishuke kwenye ndege, mtu wa nchi hii alinitazama kama mtu aliyepatwa na jambo, si kama mkono unaoleta sahani. Raha ile ilidumu mpaka kituo cha basi.

Nilikuwa nikikaa chumba kimoja na Mama Furaha, Mkongo wa Bukavu aliyefanya kazi ya usafi hospitalini. Jioni hiyo alikuwa amepika sombe, nikamsimulia yote huku tunakula, nikitarajia anisifu kwa ujanja wangu au angalau acheke. Aliweka tonge lake chini.

"Juu ya nini ulimuambia vile?"

"Yeye naye alizidi na bunduki yake."

"Dada, sikia. Kwetu batu balikufa mbele ya macho yangu. Mukubwa yangu wa mama moja. Batoto ya mukubwa yangu. Na hapa sijaambia mutu, hata pasta. Na weye unatafuta mufu wa kuazima?" Alinawa mikono ingawa chakula kilikuwa bado. "Kesho asubui, weye uende, umuambie ule mama ukweli. Mungu iko anaona."

Nilisema sawa. Kesho yake nilifika nikakuta msumari mtupu juu ya redio na picha ya wasichana imelazwa kifudifudi kwenye droo ya vijiko. Nilikuwa nimejitayarisha tangu kwenye basi. Lakini Mama Edna alikuwa ameamka mapema, ameniandalia chai mwenyewe akijikongoja na kigari chake cha kutembelea, ya maziwa, imemwagika jiko zima, na akaniambia niketi. Nilikunywa. Ukweli ukarudi tumboni pamoja na chai. Akaniuliza jina la babu yangu ili amwombee kanisani kwake, nami, kwa kukosa jina lingine upesi, nikampa jina la kweli. Kila Jumapili tangu siku hiyo, kanisa zima la wazee wa Kizungu lilimwombea guka kama shahidi aliyefia nchi yake.

Aliiambia shule kwamba haji. Mavis akapiga simu, na mimi nilikuwa pale nikikunja nguo, nikasikia upande mmoja wa maneno. "Wewe ulizipima, Mavis. Mimi nilizichomelea, wewe ukazipima ukasema zinafaa." Kisha: "Usiniambie ilikuwa vita. Vita vya kwao havikuwa vile vyetu." Kisha, kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake: "Ana jina! Mjukuu wake yuko hapa jikoni kwangu, ananikunjia nguo!" Akakata. Siku iliyofuata, baada ya chakula, simu haikulia, wala siku nyingine zote. Ningeweza kuliondoa jambo lile kwa sentensi moja. Mara tatu niliianza, naikumbuka kila mara: Novemba nikimkata kucha, Krismasi akinipa koti jipya la saizi yangu, na Februari akiwa na homa. Kila mara aliniangalia kwa upole wa kutisha, akadhani nataka kulia, akaniambia nisijilazimishe. Alikufa mwezi wa Machi. Kwenye mazishi Mavis alisimama nyuma kabisa. Nilimpelekea kiti, akaniuliza kama Edna aliwahi kumtaja. Nikamwambia kila siku, na hilo lilikuwa kweli, na halikunisaidia.

Mama Furaha hakunisema tena. Alihamia Ottawa, na alipoaga alinipa sufuria yake kubwa na kuniambia ukweli hauozi, nitaukuta palepale nilipouacha. Nimeolewa, nimezaa, nimepata uraia, nimewafundisha wanangu kusema kweli.

Kwa hiyo juzi Jumamosi nilikwenda Etobicoke. Ukumbi wa kulia ulikuwa na maputo ya manjano na meza ya keki, na watu kama arobaini waliovaa vizuri. Mavis aliketi kwenye kiti cha magurudumu, amekuwa mdogo kama mtoto wa darasa la pili, lakini macho yalikuwa yaleyale yasiyocheka. Claire, ambaye sasa nywele zake zina mvi, alinikumbatia na kuanza kugonga glasi kwa kijiko ili watu wanyamaze. Nilimshika mkono. Nikamwambia kwanza nina neno na Mavis, nikapiga magoti karibu na sikio la Mavis, na Claire akainama nasi akidhani ni pongezi.

"Babu yangu hakuuawa na Sten," nikasema. "Nilimdanganya Edna. Babu yangu ndiye aliyekuwa nayo."

Mavis alinitazama kwa muda, kipande kwa kipande. "Basi Edna alinikasirikia kwa ajili ya mtu ambaye hakufa."

"Ndiyo."

Claire alisimama wima. Uso ulikuwa umemwiva. "Nyanya alikuwa akiamka usiku anamtaja babu yako," alisema. "Miezi mitano. Mimi nilikuwa namshika. Kwa nini hukusema?"

"Niliona haya."

"Na leo huoni?"

"Naona."

Hakunigusa, na sidhani kama atanipigia simu tena; ni haki yake. Watu wa meza za karibu walikuwa wameacha kula. Mavis aliinua kidole, naye Claire akanyamaza.

"Babu yako," alisema Mavis, "aliua mtu kwa bunduki ile?"

Nilitaka kusema sijui. Lilikuwa jibu la karibu, na mwanamke wa miaka mia asingelifuatilia.

"Ndiyo," nikasema.

"Aliitwa nani?"

Nilijua. Kila mtu wa kilima chetu alijua. Alikuwa kijana wa miaka kumi na saba aliyekutwa mtoni na mfuko wa unga, akadhaniwa anawapelekea watu wa msituni, na mama yake aliishi ng'ambo ya shamba letu mpaka nilipokuwa shule ya upili, akizunguka njia ndefu kwenda sokoni ili asipite langoni petu. Nyumbani kwetu jina lile halikutajwa. Sikuwahi kulisema kwa sauti, kwa lugha yoyote, kwa mume wangu wala kwa Mungu. Nililisema pale nikiwa nimepiga magoti, nalo likatoka dogo.

"Sisikii," alisema Mavis. "Sema kwa nguvu."

Nikainuka, nikawageukia wale watu wote waliokuja kula keki, na nikasema, "Kariuki wa Njambi."